Mchezo uliofutwa unaweza kurudi, lakini si kila mara

BENI, Kivu ya Kaskazini. Karibu na soko la Kilokwa, hapa mjini Beni, mafundi wa simu wanapokea kila aina ya tabu: kioo kilichopasuka, betri iliyovimba, simu iliyoanguka kwenye maji. Lakini shule zinapofunga, kuna tabu moja ambayo watoto na vijana wanaileta peke yao, bila wazazi. Mchezo wao wa video umefutwa na wanataka urudi. Wakubwa wengi wanacheka wakisikia hivyo. Wanasema vita haijaisha, chakula ni bei, na mtoto analilia mpira wa ndani ya simu! Fundi mmoja mwanamke, mwenye meza yake upande wa bulvari Nyamwisi, hacheki tena. Amejifunza kwamba mara nyingi anayelia hajapoteza mchezo tu.

Sababu ya kufuta inajulikana. Katika familia nyingi, na zaidi zile zilizohama makwao, simu moja inatumiwa na nyumba nzima. Ndani yake kuna picha ya kadi ya mchaguzi ya mama, picha ya karatasi za shule, sauti za ndugu walio mbali, na ujumbe wa kuita watu kwenye ugawaji wa msaada. Siku moja simu inaandika kwamba nafasi imekwisha. Hapo hakuna mkutano wa familia. Kitu cha kwanza kufutwa ni mchezo wa mtoto, kwa sababu mchezo mmoja wa mpira unaweza kula nafasi kuliko picha zote za nyumba.

Kurudisha nako kuna bei. Mchezo mkubwa unaweza kuomba gigabaiti moja au zaidi, na mega zinanunuliwa kwa franga zile zile zinazonunua chumvi na sabuni. Ndiyo maana fundi huyo hakubali mtoto aanze kupakua kitu bila kujua kwanza anatafuta nini.

Anawaeleza hivi. Mchezo una vitu vitatu, na kila kimoja kinakaa mahali pake. Cha kwanza ni mchezo wenyewe, yaani programu. Cha pili ni haki ya kuutumia, ambayo kwa kawaida inaandikwa kwenye akaunti. Cha tatu ni kumbukumbu ya ulichofanya: timu uliyojenga, ngazi uliyofika, pesa za mchezo ulizokusanya. Anafananisha na nyumba, karatasi ya kiwanja na vyombo vya ndani. Nyumba ikibomoka lakini karatasi ikibaki, unaweza kujenga tena palepale. Lakini kujenga upya hakurudishi vyombo. Wanaotoka upande wa Mbau, Oicha na Eringeti hawahitaji kuelezwa mara mbili.

Kwa simu za Android, ambazo ndizo nyingi hapa, kurudisha programu ni rahisi kuliko watu wanavyofikiri. Akaunti ya Google inakumbuka programu zilizowahi kuchukuliwa nayo kwenye duka la Play. Unafungua duka, unagusa picha yako ndogo ya juu, unaingia mahali pa kusimamia programu na simu, kisha unabadilisha orodha ili ionyeshe zile ambazo hazimo tena ndani ya simu. Kwa kuwa simu nyingi za hapa zinasema Kifaransa, mahali hapo pameandikwa "Non installées". Hapo vijana wanashangaa kukuta michezo waliyoisahau tangu miaka mitatu. Kwenye iPhone pia, ukiingia duka la App Store na kufungua orodha ya ulivyonunua, hata vya bure, utaona alama ya wingu lenye mshale. Kuigusa kunarudisha programu bila kulipa mara ya pili.

Orodha hiyo ina faida nyingine. Ukitafuta mchezo kwa jina tu, duka linaweza kukuonyesha kumi zinazofanana, na mingine ni ya kuiga, imejaa matangazo. Ukipitia orodha yako ya zamani, unarudisha ule ule uliokuwa nao.

Kigumu ni kumbukumbu. Kwa mfano, kwenye Free Fire, kijana anaweza kuanza kucheza kama mgeni, bila kuunganisha mchezo na akaunti ya Google au Facebook. Ni haraka na haiombi kitu. Lakini kumbukumbu ya mgeni imefungwa na simu ile, na mchezo ukifutwa, mgeni anaweza kuondoka na vyote. Kwenye eFootball ya Konami, aliyeunganisha timu yake na akaunti anaweza kuipata hata kwenye simu nyingine. Asiyeunganisha anarudi kuanza moja. Tofauti kati yao ni dakika mbili za kazi ambazo mmoja alizifanya na mwingine hakuzifanya.

Kuna tofauti nyingine inayowagusa waliohama. Akaunti inaomba neno la siri, na ukilisahau inatuma namba kwa simu. Je, ikituma kwa namba ambayo ilibaki kijijini, ndani ya simu iliyoporwa? Wengi wamekwama hapo. Akaunti ipo, mchezo upo, timu ipo, lakini mlango unaomba ufunguo ulioachwa nyuma siku ya kukimbia. Anayeweza kurudisha namba yake kwa kampuni ya simu, na kitambulisho mkononi, afanye hivyo kwanza, kabla ya mambo ya mchezo.

Mambo haya yote yalikutana kwenye simu ya kijana mmoja wa miaka 14, aliyekimbia na mama yake na dada yake mdogo kutoka kijiji kimoja cha upande wa Mbau. Wanaishi kwa familia iliyowapokea hapa mjini. Yaya wake, mwenye miaka 20, alikwenda kutafuta kazi upande wa Bunia, akamwachia simu.

Mchezo waliokuwa wakicheza ndugu hao wawili ni mpira wa zamani wa Pro Evolution Soccer, uliotengenezwa kwa PSP, ile mashine ndogo ya mkononi ambayo Sony ilianza kuiuza Japani mwishoni mwa 2004. Hapa ni wachache waliowahi kuiona PSP yenyewe. Vijana wanacheza kwa kutumia PPSSPP, programu ya bure inayofanya simu ijifanye kuwa PSP. Ilitolewa mwaka 2012, na simu ya bei ndogo inaibeba. Diski ya PSP haikuweza kubeba zaidi ya gigabaiti 1.8, kwa hiyo mchezo mzima unaingia kwenye kadi ya memori, na baada ya hapo unachezwa bila mega hata moja. Kwa mtoto aliyehama, hilo ndilo jambo kubwa.

Mchezo huo una mahali pa kubadilisha majina ya wachezaji. Yaya na mdogo wake walichukua timu moja, wakafuta majina ya Wazungu, wakaandika majina ya vijana waliocheza nao mpira kwenye uwanja wa kijiji. Kipa ni mtoto wa jirani. Namba 10 ni mwana wa mwalimu. Kila mmoja walimpa urefu wake, mguu wake na nywele zake. Wakati wanaandika, kilikuwa kichekesho cha jioni. Baadaye kijiji kilishambuliwa, watu wakatawanyika. Wengine kati ya wale wachezaji wako Butembo, wengine Uganda. Wawili waliuawa.

Mwezi huo simu ilijaa. Mama alikuwa anangoja ujumbe wa sauti kutoka kwa dada yake, na simu ilikataa kuupokea. Jirani mmoja mwema akajitolea kusafisha. Aliondoa programu aliyoiona nzito na isiyo na kazi. Ujumbe wa sauti ukaingia, mama akashukuru. Jioni mtoto akatafuta PPSSPP, hakuikuta.

Mama hakuelewa kilio hicho. Alimwambia kwa upole, "Papa, mchezo ni mchezo, yaya atakuwekea mwingine." Mtoto alijibu kwamba mwingine hauna wale watu. Siku mbili hakusema zaidi. Kisha akachukua franga alizopata kwa kubeba mizigo sokoni, akaenda kwa fundi.

Fundi alirudisha PPSSPP kutoka dukani kwa mega kidogo. Programu ilifunguka, lakini ilikuwa tupu. Mtoto akaanza kufunga simu ili aondoke. Fundi akamwambia asubiri. PPSSPP inaweka kumbukumbu kwenye folda iitwayo PSP, na ndani yake kuna nyingine iitwayo SAVEDATA. Jambo la kujua ni folda hiyo ilikaa wapi. Kwenye Android za sasa, programu inapoanza inauliza uchague folda. Ukichagua folda yako mwenyewe, kwenye simu au kwenye kadi, itabaki hata programu ikiondolewa. Ukikubali programu ijiwekee vitu kwenye sehemu yake ya siri, siku inapoondolewa, simu inafagia vyote pamoja nayo.

Alitoa kadi ya memori, akaifungua kwenye kompyuta. Folda ya PSP ilikuwamo. Mchezo wenyewe ulikuwamo. Ndani ya SAVEDATA kulikuwa na folda zenye majina ya herufi na namba. Alinakili zote kwanza mahali pengine, kwa sababu kosa la kawaida ni kuanza mchezo upya na kuandika juu ya kumbukumbu ya zamani. Kisha akaielekeza programu kwenye folda ile ya kadi.

Timu ilirudi, lakini si yote. Kumbukumbu ya kwenye kadi ilikuwa ya zamani, kabla yaya hajahamishia vitu ndani ya simu. Wachezaji saba walikuwa na majina ya kijijini. Wanne waliobaki walikuwa bado na majina ya Wazungu. Ligi waliyoicheza pamoja hadi mwisho haikuwamo pia. Ilikuwa kwenye ile sehemu ya siri, na hiyo haikuweza kurudi. Fundi alimwambia ukweli huo bila kuuzunguka, akakataa kuchukua pesa zaidi ya bei ya mega.

Nyumbani mtoto alimwonyesha mama yake yale majina saba kwenye kioo kidogo. Mama aliyasoma moja moja kwa sauti. Alipofika kwenye jina la mmoja wa wale wawili waliouawa, alinyamaza, akauliza nani aliliandika. Tangu wakimbie, familia hiyo haina picha hata moja ya vijana wale, na nyumba zilizokuwa na picha zilichomwa. Kesho yake waliweka yunite na kumpigia yaya huko Bunia ili ataje wale wanne. Alikumbuka watatu. Wa nne alikumbukwa na mama, kwa sababu mama wa kijana huyo walikuwa wakilima naye shamba moja. Mtoto aliandika majina ndani ya mchezo, na pia kwenye ukurasa wa mwisho wa daftari ya hesabu.

Hapo kuna jambo la kusema wazi. Nakala ya mchezo ule, kama nyingi zinazozunguka hapa kutoka simu hadi simu, haikununuliwa. Walioutengeneza hawakulipwa. Na kuna matokeo ambayo vijana hawayafikirii: kitu ulichonunua, hata kwa franga chache, kina shahidi. Duka lina orodha inayosema kwamba ni chako. Kitu ulichonakili hakina shahidi. Kadi ya memori ikivunjika, hakuna mlango wa kugonga.

Hata hivyo, shahidi huyo naye ana mipaka, na wenye sale za michezo wanaijua. Mashine nyingi za PlayStation 4 zinazoingia mjini ni zile zilizokwisha kutumika, zinazopitia Uganda au kutoka Dubai. Zinauzwa zikiwa na michezo ndani, na mnunuzi anafurahi. Lakini michezo hiyo iliandikwa kwenye akaunti ya mtu mwingine. Haki ya mtu huyo ikiondoka kwenye mashine, alama ya kufuli inatokea juu ya kila mchezo. Michezo yote bado imo ndani na hakuna unaofunguka. Mwenye akaunti halali anaweza kwenda kwenye mipangilio na kurudisha leseni zake. Asiye nayo hana la kufanya. Ndiyo maana wenye sale wenye uzoefu wanapenda diski. Mchezo wa diski ukifutwa, unaingiza diski tena na mashine inauweka upya. Na kwenye PlayStation 4, kufuta mchezo hakufuti kumbukumbu ya ulichocheza, kwa sababu hiyo imewekwa mbali. Nintendo Switch inafanya vivyo hivyo. Watoto wengi wanalia bure hapo: wakirudisha mchezo, wanakuta kila kitu kama walivyokiacha.

Kwa wanaotumia kompyuta, Steam inaandika kwenye maktaba yako kila mchezo ulionunua. Uliofutwa unabaki na jina la rangi hafifu, na usipoonekana kabisa, huenda ulifichwa, kwa hiyo tazama orodha ya iliyofichwa. Vijana wa hapa wenye ndugu waliopelekwa kuishi Marekani au Kanada wamejifunza haya kupitia kwao, kwa simu za usiku.

Lakini maduka nayo hufunga. Mchezo mdogo wa Flappy Bird ulioenea dunia nzima uliondolewa Februari 2014 na aliyeutengeneza, Dong Nguyen, kwa uamuzi wake. Waliokuwa nao ndani ya simu walibaki nao. P.T., mchezo wa kutisha wa PlayStation 4, uliondolewa Aprili 2015, na baadaye hata waliokuwa wameuchukua wakashindwa kuupakua tena. Nintendo ilifunga mauzo ya duka la 3DS na Wii U tarehe 27 Machi 2023, lakini ikaacha watu warudishe walivyokwisha kununua. Ubisoft ilizima mitambo ya mchezo wa magari wa The Crew tarehe 31 Machi 2024, na walioulipia hawakuweza tena kuucheza. Huko Marekani, jimbo la California liliweka sheria, iliyoanza 2025, inayotaka maduka yaseme wazi kwamba mnunuzi anapewa ruhusa ya kutumia tu, hanunui kitu chenyewe.

Na Congo ina somo lake. Baada ya uchaguzi wa Desemba 2018, intaneti ilikatwa nchi nzima karibu siku 20, hadi Januari 2019. Siku hizo, duka la mbali halikumsaidia mtu. Vijana waliokuwa na michezo kwenye kadi za memori waliendelea kucheza, na waliotegemea wingu walitazama kioo kitupu. Kuwa na akaunti ni vizuri. Kuwa na nakala yako mkononi ya kumbukumbu zako ni vizuri pia. Kila moja inasaidia pale nyingine inaposhindwa.

Ushauri wa fundi wa bulvari Nyamwisi ni mfupi. Usicheze kama mgeni mchezo unaoupenda, uunganishe na akaunti. Andika anwani ya akaunti kwenye karatasi na uiweke kwenye mfuko wa vyeti, ule unaoukamata kwanza siku ya kukimbia. Neno la siri usimpe mtu yeyote anayekuahidi kurudisha mchezo wako, hata akiwa rafiki, kwa sababu akaunti hiyo hiyo ina picha na barua za familia. Mchezo ukipotea, usianze mpya haraka. Tazama kwanza orodha ya duka, kisha folda za simu, kisha kadi, na unakili ulichokikuta kabla ya kukigusa.

Kwa wazazi ana ombi moja. Simu ikijaa, futa kwanza video zilizotumwa mara kumi kwenye vikundi, zile ambazo hakuna anayezitazama. Na kabla ya kuondoa mchezo, mwite mtoto, umuulize kuna nini ndani.